Kutoka kaburi la Oslo hadi Kvikne: siku saba za kumfuata Bjørnstjerne Bjørnson

Njia hii inakwenda kinyume na maisha ya Bjørnson, mwandishi wa Norway: inaanzia alikozikwa, inapita alikozeekea, inapanda alikozaliwa, kisha inashukia pwani alikokulia. Tumeipanga hivyo kwa sababu hadithi zake za vijijini huonekana waziwazi ukifika kwenye mabonde ukiwa tayari unajua mtu aliyeziandika alikuja kuwa nani. Wakati mzuri ni kati ya tarehe 20 Juni na katikati ya Agosti. Nje ya hapo utakuta milango mingi ya makumbusho imefungwa, na barabara moja muhimu ya mlimani inaweza kufungwa kwa theluji.

Siku ya 1: Oslo

Anza na makaburi ya Vår Frelsers gravlund, dakika 20 hivi kwa miguu kutoka katikati ya mji. Uliza sehemu inayoitwa Æreslunden, walikolazwa watu walioheshimiwa na taifa. Kaburi la Bjørnson halina mnara. Ni jiwe pana lililolala, na juu yake imechongwa bendera ya Norway kana kwamba imetandikwa. Alifariki Paris tarehe 26 Aprili 1910, na serikali ilituma manowari iitwayo Norge kumrudisha. Karibu naye yupo Henrik Ibsen, mwandishi wa tamthilia na mshindani wake wa miaka mingi ambaye pia alikuwa mkwe mwenzake, maana Bergliot, binti wa Bjørnson, aliolewa na Sigurd, mwana wa Ibsen, mwaka 1892. Rikard Nordraak naye yupo hapa. Huyu alikuwa binamu wa Bjørnson aliyetunga muziki wa wimbo wa taifa, akafa Berlin mwaka 1866 akiwa na miaka 23 tu.

Maneno ya wimbo huo, "Ja, vi elsker", ni ya Bjørnson. Aliyaandika mwaka 1859, na yakaimbwa hadharani kwa muziki wa Nordraak tarehe 17 Mei 1864 huko Eidsvoll, katika miaka 50 ya katiba. Shairi lina beti 8, lakini kwa kawaida watu huimba ule wa kwanza na miwili ya mwisho. Gwaride la watoto la tarehe 17 Mei, ambalo kila mgeni hulipiga picha, nalo lilitokana na wazo lake, na lilianza mwaka 1870 kwa wavulana peke yao. Wasichana waliingia mwaka 1889.

Jioni pita mbele ya ukumbi wa tamthilia wa Nationaltheatret. Sanamu yake na ya Ibsen, kazi ya Stephan Sinding, zimesimama hapo tangu ukumbi ulipofunguliwa mwaka 1899, na mkurugenzi wa kwanza wa ukumbi huo alikuwa mwanawe, Bjørn. Mtu anayeijua Oslo peke yake atamchukulia Bjørnson kuwa mwanasiasa wa jukwaani na mtu wa tamthilia. Hilo si kosa, ila si yeye wote.

Usiku huu soma "Synnøve Solbakken", hadithi yake ya kijijini, angalau nusu. Ni kitabu kifupi, na kwa kuwa mwandishi alifariki zaidi ya karne iliyopita, hakina tena hakimiliki na hupatikana bure mtandaoni katika lugha kadhaa. Ukienda bila kukisoma, siku ya tatu na ya nne zitakuwa mandhari tu.

Siku ya 2: Treni hadi Lillehammer

Treni kutoka Oslo S, stesheni kuu ya Oslo, huchukua saa mbili na kidogo. Njia inapanda kandokando ya ziwa Mjøsa, kwa hiyo kaa upande wa kushoto kama unaelekea kaskazini. Nunua tiketi siku kadhaa kabla, kwani bei za mapema huwa chini sana. Kagua pia matangazo ya matengenezo ya reli: Julai ndio mwezi wanaofunga vipande vya njia na kuwapakia abiria kwenye mabasi, na hapo saa mbili zinageuka tatu au zaidi.

Alasiri yote iwe ya Maihaugen, makumbusho ya wazi yaliyoanzishwa na daktari wa meno Anders Sandvig. Ina majengo karibu 200 yaliyohamishwa kutoka bonde la Gudbrandsdalen na kwingineko. Kutoka stesheni ni kupanda kilima kwa miguu kama dakika 25. Usijaribu kuona kila kitu. Kwa safari hii vipo vitu vinne vya kutafuta.

Cha kwanza ni nyumba ya zamani yenye meko katikati ya sakafu na tundu la moshi kwenye paa. Cha pili ni ghala la chakula lililoinuliwa juu ya nguzo fupi ili panya wasipande. Unga, nyama iliyokaushwa na nguo za sikukuu vilihifadhiwa humo, na ukubwa wake ulitangaza utajiri wa familia kabla hujabisha hodi. Cha tatu ni kambi ya malisho ya kiangazi, kibanda cha mlimani ambako wasichana walikaa na ng'ombe miezi ya joto wakitengeneza siagi na jibini. Katika hadithi za Bjørnson, vijana wengi hupata nafasi ya kuzungumza bila wazazi huko juu.

Cha nne, na ndicho watu hukipita haraka, ni makao ya mkulima asiye na ardhi. Huyu alipewa kibanda na kipande cha shamba na mwenye mali, naye akalipa kwa siku za kazi. Katikati ya karne ya 19 Norway ilikuwa na wakulima wa namna hiyo karibu 65,000 wenye vipande vya kulima. Simama mlangoni, linganisha chumba hicho kimoja na nyumba kubwa uliyotoka kuiona, ndipo uelewe uzito wa "En glad gutt", hadithi ya Bjørnson ya mwaka 1860. Øyvind ni mtoto wa kibanda. Marit ni mjukuu wa shamba kubwa. Hadithi inaanza Marit akimpa Øyvind mkate wa siagi ili amchukue mwanambuzi wake, kisha babu anamlazimisha arudishe mbuzi. Katika kurasa mbili tu msomaji ameshajua nani ana mali na nani hana. Baadaye Øyvind anataka kuwa wa kwanza kwenye orodha ya kipaimara, maana kanisani watoto walipangwa kwa nafasi na kijiji kizima kiliona. Walutheri wa Moshi na Bukoba wanaijua vizuri hofu ya kusimama mbele ya mchungaji siku ya maswali, nao hawatahitaji maelezo ya ziada. Kwetu sisi hiki ndicho kitabu chake cha kijijini chenye ukweli mwingi kuhusu matabaka, ingawa kinamalizika kwa furaha: Øyvind anakwenda chuo cha kilimo na kurudi na elimu ambayo mwenye shamba mwenyewe anaihitaji.

Bjerkebæk, nyumba ya Sigrid Undset aliyepata Nobel mwaka 1928, iko mji huohuo. Kama miguu bado ina nguvu, nenda.

Siku ya 3: Aulestad

Chukua gari la kukodi hapa Lillehammer na ulirudishe hapahapa siku ya mwisho. Kuliacha mji mwingine hugharimu ada kubwa. Kwa aliyezoea kuendesha Tanzania, Kenya au Uganda, mambo matatu humponza. Norway huendesha upande wa kulia, kwa hiyo kwenye kipilefti unazunguka kinyume na ulivyozoea. Penye makutano yasiyo na alama, unampisha anayetoka kulia hata kama barabara yake ni ndogo. Taa za mbele huwashwa mchana kutwa. Tozo za barabara husomwa na kamera bila kusimama, na bili huja kupitia kampuni ya gari. Kuhusu leseni, iulize kampuni kabla ya kulipa: nyingine hudai pia kibali cha kimataifa cha udereva, na dirishani si mahali pa kugundua hilo.

Aulestad iko Follebu, wilaya ya Gausdal, kilomita 18 hivi kutoka Lillehammer. Lipo pia basi, ila Jumapili mabasi ni machache. Bjørnson na mkewe Karoline walinunua shamba mwaka 1874 na kuhamia 1875. Alivutwa na shule ya wananchi ya Christopher Bruun iliyokuwa jirani, shule ambayo vijana wa wakulima walisoma historia na lugha bila mitihani. Nyumba imebaki na samani zake, kwa sababu Karoline aliishi hadi mwaka 1934, serikali ikanunua mali, na mwaka 1935 milango ikafunguliwa kwa wageni. Ndani unaingia na mwongozaji. Fika mapema asubuhi, na muulize zamu ya Kiingereza ni saa ngapi kabla hujaanza kuzunguka uwanjani.

Hapa jipe nusu siku. Chumba cha kazi kinaonyesha mtu ambaye barua zilimfikia kutoka Ulaya nzima: alimtetea Dreyfus, afisa Myahudi wa jeshi la Ufaransa aliyesingiziwa uhaini, akawatetea Waslovakia waliokandamizwa ndani ya Hungaria, akaandika magazetini karibu kila wiki. Nobel ya fasihi aliipata mwaka 1903, Mnorway wa kwanza kuipata. Mshindi aliyezaliwa Zanzibar, Abdulrazak Gurnah, alikuja kuipokea mwaka 2021, na miaka miwili baadaye Mnorway mwingine, Jon Fosse, akafuata.

Lakini jambo la kulitazama Aulestad ni hili: hadithi za vijijini aliziandika kabla ya kumiliki shamba. "Synnøve Solbakken" ilitoka 1857, "Arne" ikafuata muda mfupi baadaye, "En glad gutt" 1860. Alikuwa kijana wa miaka ya ishirini, mwandishi wa magazeti mjini, akiandika kwa kumbukumbu za utotoni. Alipokuja kuwa mkulima kweli, na mifugo ya kulisha na vibarua wa kulipa, aina hiyo ya hadithi alikuwa ameshaiacha na kugeukia tamthilia na siasa. Ukisimama kwenye ua wa Aulestad na kumtafuta Synnøve, humpati. Nyumba hii ni ya mzee aliyejulikana dunia nzima. Yule mtunzi kijana yuko mbele ya safari.

Jambo la pili ni lugha. Huyu aliyewapa wakulima nafasi ya mbele katika fasihi ya Norway ndiye aliyekuja kuongoza Riksmålsforbundet mwaka 1907, chama kilichotetea lugha ya maandishi ya mijini dhidi ya lugha iliyojengwa juu ya lahaja za vijijini. Wengi hukwazika hapo. Kwake mwenyewe hapakuwa na mgongano: alichochukua kijijini ni mpangilio wa sentensi, ule ufupi wa watu wasiosema sana, uliofanana pia na masimulizi ya kale ya saga. Msamiati alibaki nao wa Kidenmaki uliokuwa ukigeuka polepole kuwa Kinorway. Fungua ukurasa wowote wa "Synnøve" usome mazungumzo. Watu wanajibu kwa maneno manne, matano, kisha wananyamaza, na ukimya ndio unaosukuma kisa.

Rudi ulale Lillehammer, au tafuta chumba Ringebu ili kupunguza mwendo wa kesho.

Siku ya 4: Kupanda hadi Kvikne

Siku hii ni zaidi ya kilomita 250. Fuata barabara kuu ya E6 hadi Ringebu, kisha barabara ya 27 inayovuka Venabygdsfjellet, zaidi ya mita 1,000 juu ya usawa wa bahari, na kupita kando ya milima ya Rondane hadi Folldal. Kutoka hapo nenda Alvdal, Tynset, na hatimaye Kvikne kwa barabara ya 3. Ramani ya simu mara nyingi hupendekeza njia ya chini kwa kuwa ni ya haraka. Weka Folldal kama kituo cha katikati ili isikugeuze. Kondoo hulala barabarani juu mlimani, hasa lami ikiwa na joto. Jaza mafuta Tynset. Kama gari ni la umeme, chaji hapo hadi juu kabla ya kuendelea, na ulale hapohapo Tynset kwa kuwa Kvikne ni kijiji kidogo.

Kabla ya kuondoka E6, punguza mwendo ndani ya Gudbrandsdalen na utazame pande mbili za bonde. Upande unaopata jua una mashamba yaliyopangana hadi juu. Upande wa pili umejaa misitu, na nyumba ni chache. "Synnøve" inafunguliwa kwa kilima cha namna hii: mahali palipo wazi katikati ya bonde, panapopigwa na jua tangu linapochomoza hadi linapozama, theluji ikiyeyuka mapema kuliko kwa majirani. Huko ndiko anakokaa Synnøve. Thorbjørn anatoka Granliden, ng'ambo, ambako kivuli huwahi kuingia. Tofauti ya saa chache za jua ni tofauti ya siku za kupanda, ya kuvuna, ya chakula cha majira ya baridi, na mwishoni tofauti ya heshima kanisani. Msomaji asiyeona bonde hudhani jua na kivuli ni mapambo ya mshairi. Kumbe ni hesabu ya shamba.

Bjørgan, nyumba ya mchungaji alikozaliwa Bjørnson tarehe 8 Desemba 1832, iko juu upande wa Kvikne. Baba yake, Peder, alikuwa mchungaji na mtu mwenye nguvu za mwili. Mama yake aliitwa Inger Elise. Katika "Blakken", hadithi ya farasi ya mwaka 1868, mwandishi anaeleza mahali hapa palivyo juu na pa upweke, na jinsi nafaka ilivyoshindwa kukomaa. Ukifika Julai ukaona majani mabichi usidanganyike. Shayiri inahitaji siku za kutosha bila baridi kali, na hapa usiku mmoja wa jalidi mwezi Agosti unaweza kuua punje kabla hazijajaa. Watu wa Kvikne waliishi kwa mifugo, misitu, na kwa muda mrefu kwa machimbo ya shaba.

Piga simu kabla kama unataka kuingia ndani ya Bjørgan. Usitegemee kukuta mlango wazi. Kutazama bonde ukiwa nje kunatosha. Mtoto aliondoka hapa akiwa hajatimiza miaka 5.

Siku ya 5: Kushuka hadi Nesset

Mwaka 1837 familia ilihamia Nesset, Romsdal. Leo safari hiyo ni ya mchana mmoja: barabara ya 3 hadi Ulsberg, E6 hadi Oppdal, barabara ya 70 ikishuka bonde la Sunndalen kilomita kama 70 hadi Sunndalsøra, kisha ya 62 hadi Eidsvåg. Toka saa mbili asubuhi. Kutoka Oppdal hali ya hewa hubadilika: juu pakavu na baridi, chini kwenye fjordi, ile mikono ya bahari iliyoingia kati ya milima, mvua na joto la unyevu. Koti la mvua liwe kiti cha nyuma, si ndani ya buti chini ya mizigo. Mahandaki ni mengi. Vua miwani ya jua kabla ya kuingia.

Nyumba ya mchungaji ya Nesset imekaa pale fjordi mbili zinapokutana, Langfjorden na Eresfjorden. Bjørnson aliisifu katika "Blakken" kwa upendo usiofichika: milima ya kijani, maporomoko, mashamba ya ng'ambo. Ukitoka Kvikne jana utaelewa kwa nini. Mtoto alishuka kutoka mahali ambapo shayiri hufa hadi mahali ambapo miti ya matunda huzaa, na tofauti hiyo akaitia katika kila kitabu cha vijijini alichoandika. Katika "Arne", sura ya kwanza kabisa ni miti na vichaka vinavyoshauriana kuuvika mlima ulio uchi, na vinapanda, vinasombwa na maji, vinapanda tena. Yeyote aliyeona kuta za mawe za Sunndalen na zile za hapa anaijua miti hiyo.

Kutoka Nesset endelea hadi Eresfjord na Øverås, penye mlango wa ziwa Eikesdalsvatnet. Hapo soma "Faderen", hadithi ya kurasa chache tu ya mwaka 1860. Baba tajiri, Thord Øveraas, anafika kwa mchungaji mara kwa mara: kumbatiza mwanawe, kumwandikisha kipaimara, kutangaza ndoa yake. Wiki mbili baadaye baba na mwana wanavuka ziwa kwa mashua kwenda kupanga arusi. Ubao wa kukalia umelegea, kijana anasimama kuunyoosha, unateleza, anazama. Siku tatu mchana na usiku baba anapiga makasia akiutafuta mwili. Mwaka mmoja baadaye anarudi kwa mchungaji mara ya mwisho, akiwa na nusu ya bei ya shamba lake kwa ajili ya maskini. Bjørnson haelezi hisia hata mara moja. Anaorodhesha ziara, pesa zilizowekwa mezani, miaka iliyopita. Kwa maoni yetu hajawahi kuandika kitu bora kuliko hiki, na kama una nafasi ya kusoma kimoja tu, achana na vitabu vyote vingine usome hiki.

Anayetaka anaweza kuendelea hadi Eikesdal kuona maporomoko ya Mardalsfossen. Maji yake yalielekezwa kwenye umeme baada ya mgogoro mkubwa wa mwaka 1970, na sasa hufunguliwa kuanzia tarehe 20 Juni hadi 20 Agosti. Ukija nje ya tarehe hizo utaona mwamba.

Siku ya 6: Molde

Kutoka Eidsvåg ni kama saa moja. Bjørnson alisoma shule hapa kuanzia umri wa miaka kama 12, kabla ya kwenda Christiania, jina la zamani la Oslo, mwaka 1850. Usitafute mji wa utoto wake: mabomu ya Aprili 1940 yaliteketeza sehemu kubwa. Panda Varden, mita 407, wakati mawingu yako juu, na utaona vilele vya Romsdal ng'ambo ya fjordi. Tamasha la fasihi lenye jina lake, Bjørnsonfestivalen, limefanyika hapa tangu 1992, kwa kawaida mwishoni mwa kiangazi. Anayelilenga apange vyumba miezi kadhaa mbele.

Siku ya 7: Kurudi

Kivuko cha Molde hadi Vestnes huchukua dakika 35, na malipo husomwa kwenye namba ya gari. Kisha E136 inapita Åndalsnes, chini ya ukuta wa Trollveggen, na kupanda Romsdalen hadi Dombås. Kutoka hapo ni E6 hadi Lillehammer. Jumla ni zaidi ya kilomita 300, na wikendi za Julai E6 husimama kwa foleni ya magari ya kambi, kwa hiyo ondoka na kivuko cha mapema. Kama tiketi ya treni ya Oslo ni ya saa maalumu, acha angalau saa mbili za ziada: jaza mafuta nje kidogo ya mji, piga picha gari pande zote nne kabla ya kukabidhi funguo, na uhifadhi namba za vivuko na tozo ulizopita, kwani bili ya kampuni inaweza kufika wiki kadhaa baada ya wewe kuwa nyumbani.